Mswada Ulianguka, Bajeti Ikasimama: Kisa cha Juni 2024 katika Bunge la Kenya

Jumanne, Juni 25, 2024, wabunge 195 waliunga mkono Mswada wa Fedha uliposomwa mara ya tatu, 106 wakaupinga, na kura tatu zikaharibika. Muda si muda waandamanaji waliingia katika majengo ya Bunge, polisi wakafyatua risasi, sehemu ya jengo ikashika moto. Kesho yake Rais William Ruto akatangaza kwamba hatautia mswada huo saini. Kufikia Julai 1, Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu, KNCHR, ilikuwa imehesabu watu 39 waliofariki katika maandamano ya siku hizo.

Hayo Wakenya wanayakumbuka vizuri. Lisilozungumzwa sana ni kwamba mswada ulipoangushwa, matumizi yaliyokuwa yalipiwe na mswada huo hayakuanguka nao. Bajeti ya karibu shilingi trilioni 4 ilibaki na uhai wake, ikapata sheria yake yenyewe, na mwaka mpya wa fedha ukaanza Julai 1 kwa tarehe ile ile ya kila mwaka. Nchi ilikuwa imekataa kulipa kwa njia iliyopendekezwa, lakini orodha ya vitu vya kulipiwa ilikuwa imeshapitishwa. Kisa hiki kinafaa kuchambuliwa kwa sababu ya pengo hilo kati ya kukataa kodi na kukataa matumizi.

Miswada miwili, safari mbili

Mitaani na redioni, Mswada wa Fedha huitwa bajeti. Kwa kweli ni mswada wa kodi. Kazi yake ni kurekebisha Sheria ya Kodi ya Mapato, Sheria ya VAT (kodi ya ongezeko la thamani), Sheria ya Ushuru wa Bidhaa na nyingine za aina hiyo. Matumizi yana safari yao tofauti, ndefu zaidi, nayo hupita kimya.

Safari hiyo huanza mwaka unaotangulia, Wizara ya Fedha inapotoa mwongozo kwa wizara zote mwishoni mwa Agosti. Kufikia Februari 15 wizara hiyo lazima iwe imefikisha Bungeni Taarifa ya Sera ya Bajeti, waraka unaoonyesha serikali inatarajia kukusanya kiasi gani, itakopa kiasi gani na kila sekta isivuke kiwango gani. Bunge lina siku 14 za kuujadili na kuupitisha. Siku 14 tu! Ndani ya wiki hizo mbili ndipo kunapoamuliwa kama elimu itapata zaidi ya barabara, au usalama zaidi ya afya, na sijawahi kuona umati nje ya Bunge mwezi Februari.

Kisha, chini ya Kifungu cha 221 cha Katiba, makadirio ya matumizi hufika Bungeni angalau miezi miwili kabla mwaka wa fedha kwisha, yaani ifikapo Aprili 30. Kamati zinazosimamia wizara mbalimbali huwaita mawaziri na makatibu wao, hupekua makadirio fungu kwa fungu, halafu hupeleka mapendekezo kwa Kamati ya Bajeti, ambayo mwaka 2024 iliongozwa na mbunge wa Kiharu, Ndindi Nyoro. Kifungu hicho hicho kinailazimisha kamati kutafuta maoni ya wananchi na kuyazingatia. Makadirio yakishapita, huandikwa upya kuwa Mswada wa Matumizi ya Fedha za Serikali, na huo ukitiwa saini ndipo wizara zinapopata ruhusa ya kisheria ya kutoa pesa katika mfuko mkuu wa serikali.

Mbunge anayetaka kuongezea hospitali shilingi moja katika hatua hii hubanwa na Sheria ya Usimamizi wa Fedha za Umma ya 2012: lazima aonyeshe ni fungu gani litapungukiwa shilingi hiyo. Kanuni hiyo ni nzuri, maana inazuia ahadi za hewani. Lakini pia ina maana kwamba baada ya Februari mjadala mkubwa umekwisha, na kilichobaki ni kuhamisha pesa kutoka mfuko huu kwenda ule.

Mswada wa Fedha huja baada ya hayo yote kwa maana ya kisiasa, hata kama kwa kalenda hufika Bungeni sambamba na makadirio. Ni kama kuletewa bili ya karamu ambayo chakula chake kimeshaagizwa. Anayeikataa bili wakati huo hajabadilisha kilichoagizwa jikoni.

Inafaa kukumbuka kwamba huko tulikotoka hali ilikuwa mbaya zaidi. Kabla ya Sheria ya Usimamizi wa Masuala ya Fedha ya 2009, na hasa kabla ya Katiba ya 2010, bajeti ilikuwa siri ya Wizara ya Fedha. Waziri alikuja Juni na mkoba wake, akasoma, wabunge wakapiga makofi au wakazomea, basi. Leo hotuba ya Juni bado ipo, na husomwa siku moja na majirani wetu wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, lakini kisheria haina uzito ilionao machoni pa watu. Ilipofika Alhamisi ya Juni 13, 2024, Waziri Njuguna Ndung'u aliposimama kusoma, wabunge walikuwa na makadirio mikononi kwa zaidi ya mwezi mzima. Bunge pia lina Ofisi yake ya Bajeti, yenye wachumi wanaochambua takwimu za serikali na kuwaandikia wabunge wanachokiona humo. Zana zipo. Swali la kisa hiki ni nani anazitumia, na lini.

Mkate, magari na mafuta ya kupikia

Mswada wa mwaka ule ulichapishwa Mei. Serikali ilitaka kukusanya kupitia kwake takriban shilingi bilioni 346 zaidi. Mkate wa kawaida, ambao ulikuwa ukitozwa VAT ya asilimia sifuri, ungetozwa asilimia 16. Mwenye gari angelipa kila mwaka asilimia 2.5 ya thamani ya gari lake, kuanzia shilingi 5,000 hadi kikomo cha 100,000. Mafuta ya kupikia yangewekewa ushuru wa bidhaa wa asilimia 25. Ushuru kwenye ada ya kutuma pesa kwa simu ungepanda kutoka asilimia 15 hadi 20. Kulikuwa pia na ada ya mazingira iliyogusa bidhaa nyingi, kuanzia vifaa vya elektroniki hadi nepi.

Hizi ni kodi ambazo mtu anaweza kuzihesabu kwa vidole akiwa amesimama dukani. Ndiyo maana zilieleweka haraka hivyo. Vijana wa Gen Z waliutafsiri mswada kwa lugha za kwao, wakarekodi video za kuueleza kipengele kwa kipengele, wakasambaza nambari za simu za wabunge. Kwa maoni yangu hilo lilikuwa somo kubwa zaidi la uraia ambalo nchi hii imewahi kujifundisha yenyewe.

Juni 18 serikali ililegeza kamba. VAT ya mkate ikafutwa, kodi ya magari ikafutwa, ushuru wa mafuta ya kupikia na nyongeza ya kutuma pesa pia, na ada ya mazingira ikabanwa iguse bidhaa zilizokamilika zinazotoka nje. Tazama hasa jinsi tangazo hilo lilivyotolewa. Kamati ya Fedha na Mipango ni kamati ya Bunge. Ripoti yake ni mali ya Bunge. Lakini mwenyekiti wake, Kuria Kimani wa Molo, aliyasoma mabadiliko hayo Ikulu, baada ya mkutano wa wabunge wa muungano tawala ulioongozwa na Rais. Wabunge wa upande wa pili, na wananchi walioandika maoni yao na kuyapeleka kwa kamati, walipata majibu yao kutoka kwa mhimili ambao hawakuuandikia. Ukitaka kujua kwa nini vijana walisema maoni yao hayasikilizwi hata baada ya vipengele walivyovipinga kuondolewa, anzia hapo.

Kisha likatokea jambo linalobeba kisa kizima. Wizara ya Fedha ilionya kwamba kuviondoa vipengele hivyo kutaacha pengo la shilingi bilioni 200. Hesabu hiyo ilikuwa na majibu mawili tu: utafute kodi nyingine au ukate matumizi. Wabunge walikuwa na uwezo wa kufanya la pili, kwa kuwa makadirio yalikuwa mikononi mwao wiki hizo hizo. Hawakufanya. Mjadala wa Juni 20, mswada uliposomwa mara ya pili na kupita kwa kura 204 dhidi ya 115, ulihusu kodi ipi ni ya haki na ipi ni mzigo. Mjadala wa kama serikali ya trilioni 4 inahitajika haukupata nafasi yake.

Hesabu ya theluthi mbili

Rais alipokataa kusaini, hakuutupa mswada. Kifungu cha 115 hakimpi uwezo huo. Kinampa siku 14 za kusaini au kuurudisha Bungeni na sababu zake. Alichofanya ni kuurudisha akipendekeza kila kipengele kifutwe. Wapo wanasheria waliouliza kama kurudisha mswada wote kwa namna hiyo ndiko Katiba ilikokusudia, na swali lao lina msingi, kwa sababu kifungu hicho kimeandikwa kwa kuwaza marekebisho ya sehemu fulani, si kufuta kila kitu.

Bunge likikubaliana na Rais, kura ya kawaida inatosha. Likitaka kumpinga, linahitaji theluthi mbili ya wabunge wote. Bunge la Kitaifa lina wabunge 349, bila kumhesabu Spika, kwa hiyo idadi inayotakiwa ni 233. Waliosema ndiyo Juni 25 walikuwa 195. Hata kama kila mmoja wao angeshikilia msimamo wake kwa dhati, wasingefika. Wabunge waliojitoa mhanga kisiasa kwa ajili ya mswada waliachwa peke yao, na baadhi yao walikwisha kuzomewa au kuvamiwa katika maeneo yao kabla hata ya Rais kubadili nia.

Kodi za zamani ziliendelea kutozwa, maana Mswada wa Fedha hurekebisha tu sheria ambazo tayari zipo. Kwa upande wa mapato, hakuna kilichosimama. Kilichokosekana ni nyongeza.

Matumizi yaliyobaki bila pesa

Mwishoni mwa Juni Rais alitia saini sheria ya matumizi, akaagiza wizara zitumie pesa kwa mambo ya lazima pekee hadi bajeti ya ziada, yaani marekebisho ya bajeti iliyopo, ipitishwe. Kwa hiyo kwa wiki kadhaa nchi ilikuwa na sheria inayoruhusu matumizi ambayo kila mtu serikalini alijua hayana pesa. Sioni jinsi hali hiyo inavyoweza kuitwa mpango.

Julai 5 Rais alieleza jinsi pengo la bilioni 346 litakavyozibwa: bilioni 177 kwa kukata matumizi, zilizobaki, kama bilioni 169, kwa kukopa. Alitangaza pia kuvunjwa kwa mashirika 47 ya serikali yenye majukumu yanayofanana, kufutwa kwa bajeti za ofisi za mke wa Rais na mwenzi wa Naibu Rais, na kuondolewa kwa mafungu ya matumizi ya siri. Hatua hizo zilipokelewa vizuri. Lakini zilipendekezwa na Rais akiwa jukwaani, baada ya watu kufa, wakati kila moja ingeweza kupendekezwa na kamati ya Bunge mwezi Mei ikiwa na makadirio mezani. Kama ofisi fulani haikuwa ya lazima Julai, haikuwa ya lazima Aprili pia.

Walimu wanagenzi 46,000 wa sekondari msingi ndio walioanza kuonja makali. Walikuwa wameahidiwa ajira ya kudumu. Baada ya mswada kuanguka wakaambiwa pesa zao zilikuwa ndani ya mswada huo, kisha ajira ikasogezwa hadi Januari 2025. Kuna mantiki isiyo ya haki hapa. Kisheria hakuna kodi ya mkate iliyotengewa walimu. Mapato yote huingia katika mfuko mmoja na Bunge ndilo huamua yaende wapi. Kuwataja walimu kama waathiriwa wa kwanza ulikuwa uamuzi wa mtu, si matokeo ya hesabu.

Bajeti ya ziada ilipata sheria yake mwanzoni mwa Agosti. Jumla iliyokatwa ilikuwa shilingi bilioni 145.7. Katika hizo, bilioni 105.5 zilitoka katika miradi ya maendeleo na bilioni 40.2 katika matumizi ya kawaida. Bunge lilijikata bilioni 3.7 na Mahakama bilioni 2.1. Mgawanyo huo ndio unaoonyesha wazi zaidi bajeti ya Kenya ilivyo. Mishahara hukatwa kwa shida. Deni halikatwi kabisa: Kifungu cha 214 kinalifanya deni la umma kuwa gharama ya moja kwa moja ya mfuko mkuu, kwa hiyo halipigiwi kura kila mwaka kama wizara zinavyopigiwa. Rais mwenyewe alisema siku zile kwamba katika kila shilingi 100 za kodi, 61 zinalipa madeni. Kinachobaki kwa kisu ni barabara ambayo haijajengwa, maji ambayo hayajafika, zahanati iliyosimama kwenye msingi. Aliyeandamana kupinga gharama ya maisha alirudi nyumbani na ushindi wa kweli, lakini sehemu kubwa ya bili ikahamia kwenye miradi ambayo yeye na jirani zake walikuwa wanaisubiri, na nyingine ikawa deni jipya.

Kaunti nazo ziliburutwa. Mgao wao wa mwaka ulikuwa umeshawekwa kisheria kuwa shilingi bilioni 400.1. Serikali ya kitaifa ikataka upunguzwe hadi 380. Seneti ikagoma, miezi ikapita kwa mvutano kati ya mabunge mawili, na kamati ya upatanishi ikatua kwenye bilioni 387.4 mwaka ukikaribia kwisha. Wakati huo wote magavana walikuwa wakiendesha hospitali na kulipa wafanyakazi bila kujua kwa hakika watapata nini.

Mahakamani

Julai 31, 2024, Mahakama ya Rufani ilitangaza Sheria ya Fedha ya mwaka uliotangulia, ya 2023, kuwa kinyume cha Katiba kwa ujumla wake. Hiyo ndiyo sheria iliyopandisha VAT ya petroli na dizeli kutoka asilimia 8 hadi 16, na ndiyo serikali iliyokuwa ikiiegemea baada ya kupoteza mswada mpya. Sababu mojawapo ilikuwa ushirikishaji wa umma: majaji walisema Bunge lilipaswa kueleza kwa nini lilikubali au kukataa maoni ya wananchi.

Mahakama ya Juu iliusitisha uamuzi huo Agosti, halafu Oktoba 29 ikautengua na kuirejesha sheria. Ilisema hakuna wajibu wa wazi wa kisheria unaolilazimisha Bunge kutoa sababu hizo kwa maandishi, ingawa ilihimiza kuwe na utaratibu bora wa kushughulikia maoni. Naheshimu uamuzi huo kama sheria, lakini naona umeacha kidonda wazi. Mtu aliyefunga duka lake, akapanda matatu hadi ukumbi wa kikao, akasoma ukurasa mmoja alioandika usiku, anastahili kujua angalau kwa sentensi mbili kwa nini hoja yake haikufaa. Hilo lingegharimu Bunge karatasi chache. Kutolifanya kuligharimu Juni 2024.

Vilivyorudi

Desemba 11, 2024, Rais alitia saini Sheria ya Marekebisho ya Sheria za Kodi, iliyoanza kutumika Desemba 27. Baadhi ya mapendekezo ya mswada ulioanguka yalirudi humo. Mengine yalikuwa mazuri kwa mfanyakazi, kama kupandisha kiwango cha mchango wa pensheni usiotozwa kodi kutoka shilingi 20,000 hadi 30,000 kwa mwezi. Jingine lilikuwa kodi mpya kwa kampuni za nje zinazopata pesa nchini kupitia mtandao, iliyochukua nafasi ya kodi ya huduma za kidijitali. Sina ugomvi na vipengele hivyo kimoja kimoja. Ninachotaka kionekane ni kwamba mswada wa kodi ukifa, haja iliyouzaa haifi, kwa sababu haja hiyo imekaa katika sheria ya matumizi na katika madeni, na hapo hakuna aliyegusa.

Ndiyo maana nashikilia kwamba nguvu iliyomiminika barabarani Juni ingelipa mara kumi zaidi kama robo yake tu ingefika Februari, kwenye Taarifa ya Sera ya Bajeti, na Mei, kwenye vikao vya makadirio. Kifungu cha 221 kinampa mwananchi kiti katika kamati hiyo. Kabla hata ya Februari, Wizara ya Fedha huandaa vikao vya umma vya sekta, ambapo mtu anaweza kusimama na kuuliza kwa nini fungu fulani la usafiri au ukarabati wa ofisi limepanda. Ni kazi inayochosha, yenye majedwali marefu na lugha kavu, na haina nyimbo wala mabango. Lakini hapo ndipo mkate ulipowekewa kodi, miezi kadhaa kabla mtu yeyote hajauona mswada.

Mwaka uliofuata serikali ilikuja kwa tahadhari. Waziri mpya wa Fedha, John Mbadi, alisoma hotuba yake Juni 12, 2025. Mswada wake wa Fedha uliepuka kupandisha kodi zinazoonekana dukani, ukapita bila vurugu ya mwaka uliotangulia, na Rais akautia saini Juni 26. Jumla ya matumizi katika bajeti hiyo ilivuka shilingi trilioni 4.2.